Kufiwa, Ukiwa na Mwiko: Mwongozo Kamili wa Kutazama Anime Zenye Utata

Katika filamu ya Hotaru no Haka, yaani Kaburi la Vimulimuli, iliyoongozwa na Isao Takahata katika Studio Ghibli mwaka 1988, mtoto wa kike wa miaka minne anachimba kishimo kwa mikono yake ili awazike vimulimuli waliokufa usiku. Kaka yake anamuuliza anafanya nini. Setsuko anajibu kwamba anawachimbia kaburi, na kwamba mama naye yumo kaburini, kwa kuwa shangazi alikwisha kumwambia. Mpaka dakika hiyo Seita, mwenye miaka kumi na minne, alikuwa amebeba habari ya kifo cha mama yao peke yake, akimdanganya mdogo wake kwamba mama yuko hospitali, na sasa anagundua kwamba siri aliyoilinda kwa gharama kubwa ilikuwa imekwisha kufika masikioni mwa mtoto. Ndipo analia.

Nimeanza na tukio hili kwa sababu limebeba ninachotaka kusema kuhusu anime, yaani katuni za Kijapani, zinazozua mabishano. Mara nyingi kazi hizi hujadiliwa kwa swali moja tu, kama zinafaa au hazifai, na mjadala huishia kwenye mwiko uliovunjwa: nani alimpenda asiyestahili kumpenda, nani alitamani kufa, nani alivuka mpaka gani. Kwa miaka ambayo nimezitazama, nimeona kwamba katika zile zilizo bora mwiko hauji kwanza. Kwanza huja msiba ambao haukupata watu wa kuukalia. Msiba huo huzaa ukiwa. Na ukiwa ndio unaomsukuma mtu kudai kwa mtu mmoja aliye karibu mambo ambayo jamaa na majirani wote walipaswa kumgawia. Kwa hiyo hatua ninazozieleza hapa zinafuata mpangilio huo huo, na ninakusihi usiruke hadi kwenye mwiko kabla hujazipitia zilizotangulia.

Hatua ya kwanza: Jitayarishe, na ujue nani ameketi nawe

Wengi wetu tulizijua anime kama katuni za watoto, na mzazi anayeona macho makubwa na rangi angavu huweza kudhani kwamba kilichomo kinamfaa mwanafunzi wa darasa la tatu. Michoro haisemi lolote kuhusu umri wa mtazamaji. Neon Genesis Evangelion, mfululizo wa sehemu 26 uliotangazwa na TV Tokyo kuanzia tarehe 4 Oktoba 1995 hadi tarehe 27 Machi 1996, ulionyeshwa jioni mapema wakati vijana wako nyumbani, ilhali ndani yake kuna wazazi wanaojiua, watoto waliotelekezwa na akili zinazosambaratika mbele ya macho yetu. Soma maonyo ya umri na ya maudhui kabla ya kuanza. Ikiwa umefiwa karibuni, au unaishi na sonona, usianze na kazi zenye matukio ya kujiua, na usizitazame usiku ukiwa peke yako. Tafuta mtu wa kukaa naye, kama ambavyo ungefanya katika msiba halisi.

Chagua pia sauti ya Kijapani yenye tafsiri ya maandishi chini ya skrini. Namna mhusika anavyomwita mwenzake, kwa jina tupu, kwa jina lenye heshima au kwa cheo, hubeba nusu ya maana ya mahusiano, na tafsiri za sauti mara nyingi huipoteza. Sisi tunaojua tofauti iliyopo kati ya kumwita mtu dada, shemeji, mama fulani au mwalimu hatuhitaji kufundishwa jambo hili kwa muda mrefu.

Hatua ya pili: Mtafute aliyekufa

Chukua karatasi. Andika nani amekufa kabla hadithi haijaanza au mwanzoni mwake, nani alipewa habari, nani alihudhuria maziko, na nani hajalia mpaka sasa. Hatua hii inaonekana kuwa ndogo, lakini ndiyo inayofungua milango mingine yote.

Ili uweze kuifanya vizuri unahitaji kujua kidogo jinsi Wajapani wanavyoomboleza. Kwa kawaida maiti huchomwa, kisha jamaa huikusanya mifupa kwa vijiti na kuitia katika chombo. Nyumbani huwekwa madhabahu ndogo ya Kibudha iitwayo butsudan, penye picha ya marehemu, ubani na wali. Siku ya 49 baada ya kifo ina uzito wake, na kila mwaka, katika sehemu nyingi katikati ya Agosti, huja Obon, siku ambazo wafu huaminiwa kurudi nyumbani kwa jamaa zao. Kwetu tuna tanga, tuna majirani wanaolala mkekani na wafiwa, tuna arobaini. Mila ni tofauti lakini kazi yake ni ileile, kwani humpa mfiwa watu na humpa ratiba. Watunzi wa anime wanajua hivyo. Wanapotaka kuonyesha maombolezo yaliyoharibika, huondoa hatua moja katika ratiba hiyo, na mtazamaji asiyejua ratiba hapaoni palipoachwa wazi.

Katika sehemu ya 15 ya Evangelion, kijana Shinji, mhusika mkuu, na baba yake, Gendo, wanakutana kwenye kaburi la mama, Yui. Baba anasema kwamba hakubakiza hata picha, na kwamba kaburi lenyewe ni pambo tu kwa kuwa hamna mwili ndani yake. Mtazamaji anayekimbilia mapigano ya mashine kubwa anaweza kulipita tukio hili bila kulijali. Kwangu hapo ndipo mfululizo mzima ulipofungiwa: mama hakuzikwa, alipotelea ndani ya mashine ambayo mwanawe sasa analazimishwa kuiendesha, na mumewe, badala ya kuomboleza, amejenga taasisi nzima kwa lengo la kumrudia.

Anohana, mfululizo wa sehemu 11 wa mwaka 2011, ulioongozwa na Tatsuyuki Nagai na kuandikwa na Mari Okada, unafaa sana kwa zoezi hili kwa sababu unawaonyesha wafiwa sita au saba wa kifo kimoja. Menma alikufa akiwa mtoto. Marafiki zake watano hawakuwahi kuketi pamoja kumzungumza, wakatawanyika, na kila mmoja akaendelea kuishi na hatia yake. Jinta ameacha kwenda shule na ndiye peke yake anayemwona Menma. Yukiatsu, mwanafunzi hodari anayewadharau wenzake, anagunduliwa usiku msituni akiwa amevaa gauni na nywele bandia ili afanane na marehemu. Watazamaji wengine walimcheka. Ukiwa umeandika karatasi yako vizuri hutacheka, kwa sababu utaona kwamba hakuna mtu aliyewahi kumuuliza kijana huyu amelichukuliaje pigo hilo. Na mama yake Menma, aliyekuwa akiwapokea wageni kwa upole kwenye madhabahu ya mwanawe, anafika mahali pa kuwaambia kwa uchungu kwamba wao wamekua ilhali mwanawe amebaki vilevile. Ni maneno magumu kusikia. Ni maneno ambayo wazazi waliofiwa huyawaza na kuyameza.

Hatua ya tatu: Upime ukiwa kwa vitu

Kiswahili kina neno upweke na kina neno ukiwa. Upweke ni hali ya kuwa peke yako, na mtu anaweza hata kuupenda. Ukiwa ni ule utupu wa aliyeachwa, wa nyumba iliyohamwa na wa mkiwa asiye na jamaa. Anime ninazozizungumzia ni za ukiwa, na zinauchora kwa vitu unavyoweza kuviorodhesha.

Shinji ana kinasa sauti cha kaseti, na anasikiliza nyimbo mbili tu, ya 25 na ya 26, akizirudia bila kuendelea mbele. Namba za nyimbo ni namba za sehemu mbili za mwisho za mfululizo, sehemu ambazo atabaki ndani ya nafsi yake akijihoji. Katika filamu ya mwisho ya Evangelion, iliyotoka Machi 2021, tunaambiwa kwamba kifaa hicho kilikuwa cha baba yake, ambaye naye katika ujana wake alikitumia kujitenga na sauti za watu. Urithi pekee aliompa mwanawe ulikuwa chombo cha kujifungia. Jina la sehemu ya 4 nalo linahusu nungunungu wa mwanafalsafa Schopenhauer, wanaotaka kusogeleana kwa ajili ya joto na wanachomana miiba kila wakikaribiana.

Katika Koe no Katachi, filamu ya Naoko Yamada iliyotengenezwa na Kyoto Animation mwaka 2016, kijana Shoya, aliyemtesa Shoko, mwanafunzi kiziwi, walipokuwa shule ya msingi kisha akatengwa na wenzake wote, anaona alama ya X juu ya uso wa kila mtu. Alama hizo hudondoka moja moja anapompata rafiki, na hurudi anapomkosa. Tazama pia jinsi kamera inavyokaa chini kwenye miguu ya watu, kwa kuwa Shoya haangalii nyuso. Hapa hakuna msiba wa kifo mwanzoni, ila kuna msiba unaotayarishwa: tunamkuta ameacha kibarua, ametoa akiba yake, ameweka kando ya kitanda cha mama yake yeni milioni 1.7 kufidia vifaa vya kusikia alivyoviharibu, na anaelekea darajani. Kila deni amelilipa isipokuwa lile la kuzungumza na mtu.

Lakini mfano ninaourudia zaidi ni wa Hotaru no Haka, kwa sababu ndani yake ukiwa unaua kwa hesabu inayoonekana. Mama aliacha yeni 7,000 benki. Seita anapokwenda kutoa yeni 3,000 zilizosalia, mdogo wake yuko katika siku zake za mwisho za njaa. Fedha ilikuwapo. Kilichokosekana ni kaya, kwa kuwa mwaka 1945, wakati wa vita, chakula cha mgao kilipitia vyama vya majirani, na mtu aliyetoka katika nyumba ya jamaa zake alitoka pia katika orodha ya chakula. Mkulima anayewauzia vyakula anamshauri Seita arudi kwa shangazi akaombe radhi. Seita hataki, na ukali wa shangazi, aliyebadilisha nguo za marehemu kwa mchele na kuwanyima watoto sehemu nzuri ya mchele huo, unatufanya tumwelewe. Takahata alikataa filamu yake isomwe kama filamu ya kupinga vita tu. Alitaka tuone pia nini kinatokea watoto wawili wanapojaribu kuishi kama kisiwa. Niliitazama kwa mara ya kwanza siku chache baada ya kutoka kwenye tanga la jamaa yetu, nyumba ikiwa bado imejaa watu waliokuja na sukari na mchele, na sijawahi kuwaona majirani kwa jicho lilelile tena.

Nje ya skrini, hali hii ina jina nchini Japani: hikikomori, mtu anayejifungia nyumbani kwa miezi sita au zaidi bila shule, kazi wala maingiliano na watu. Neno hilo lilienea baada ya kitabu cha daktari wa akili Tamaki Saito cha mwaka 1998, na makadirio ya Ofisi ya Baraza la Mawaziri yaliyotolewa mwaka 2023 yaliwahesabu watu wapatao milioni 1.46 wenye umri wa miaka 15 hadi 64. Unapomwona Jinta akiwa ndani na mapazia yamefungwa, usidhani kwamba mtunzi amebuni tabia ya ajabu ili kuchangamsha hadithi.

Hatua ya nne: Sikiliza pale wasipozungumza

Anime ya televisheni hutengenezwa kwa muda mfupi na kwa fedha kidogo, hivyo picha iliyosimama bila mwendo mara nyingi ni njia ya kubana matumizi. Watunzi hodari waligeuza ufukara huo kuwa lugha. Katika sehemu ya 22 ya Evangelion, Asuka na Rei, wasichana wawili wanaoendesha mashine kama Shinji, wanapanda lifti pamoja, na kwa karibu dakika nzima hakuna kinachosogea wala kusemwa. Katika sehemu ya 24, Shinji anamshika mkononi, kupitia mashine yake, mtu pekee aliyewahi kumwambia kwamba anampenda, na analazimika kuamua kama atamuua. Picha inaganda kwa dakika moja hivi huku Simfoni ya Tisa ya Beethoven ikiendelea. Usisogeze video mbele. Hesabu sekunde, na ujiulize unatamani nani aseme nini; jibu lako ndilo jambo ambalo wahusika wale hawana uwezo wa kulitamka.

Kwa Koe no Katachi, vaa vipokea sauti vya masikioni. Mtunzi wa muziki, Kensuke Ushio, aliweka maikrofoni ndani ya piano ili tusikie nyundo zake ndogo na vitambaa vyake vikigusana, kelele ambazo kwa kawaida hufichwa. Unaposikia muziki huo wenye mkwaruzo unakaribia kidogo, kidogo tu, usikivu wa Shoko, ambaye sauti humfikia kama mtikisiko kuliko neno.

Hatua ya tano: Sasa ukabili mwiko

Ukishakuwa na karatasi yenye msiba na ukiwa, andika chini yake maswali matatu. Mwiko huu ni wa nani, yaani unavunja sheria ya Japani, desturi ya Japani, au desturi yako wewe unayetazama? Nani kati ya wahusika ana nguvu zaidi kwa umri, cheo au ujuzi? Na anayelipa gharama ni nani?

Nianze na Gendo, kwa sababu mwiko wake ni wa watu wazima na ndio unaosahauliwa zaidi. Baada ya kumpoteza Yui, anaingia katika uhusiano na mwanasayansi Naoko Akagi, kisha, Naoko anapojiua, na binti yake, Ritsuko. Msomaji wa Kiswahili, hasa wa pwani, hahitaji kuelezwa uzito wa mwanamume kumchukua mama na kisha binti yake. Katika mila zetu na katika sheria ya Kiislamu huyo binti ni mwiko kwake baada ya kumwoa mama yake na kuingia naye. Mfululizo hauligeuzi jambo hili kuwa kashfa. Unaliweka pembeni, ukimwonyesha Ritsuko kazini, akivuta sigara, akimpigia bibi yake simu na kuambiwa kwamba paka wake amekufa, akisema hajazuru kaburi la mama yake kwa miaka. Kisha anaviharibu viwiliwili vya Rei, msichana aliyetengenezwa kutokana na mabaki ya Yui, kwa kuwa ametambua kwamba yeye na mama yake wote wawili walitumiwa kujaza kiti cha marehemu. Rudi kwenye maswali: mwenye nguvu ni Gendo, na wanaolipa ni wanawake wawili, msichana mmoja asiyejua yeye ni nani, na mtoto wake mwenyewe. Chanzo ni kaburi lisilo na mwili.

Kotonoha no Niwa, yaani Bustani ya Maneno, filamu ya dakika 46 ya Makoto Shinkai ya mwaka 2013, inahitaji uangalifu wa namna nyingine. Mwanafunzi wa miaka 15 na mwanamke wa miaka 27 wanakutana siku za mvua katika bustani ya Shinjuku Gyoen jijini Tokyo, kila mmoja akikwepa mahali anapopaswa kuwa. Mwanamke huyo, Yukino, amepoteza uwezo wa kuonja chakula isipokuwa chokoleti na bia. Baadaye tunajua kwamba ni mwalimu katika shule ya kijana huyo huyo, na kwamba wanafunzi walimzushia uvumi mpaka akashindwa kurudi darasani. Shinkai alichukua neno koi, mapenzi, jinsi lilivyoandikwa katika mashairi ya kale ya Man'yoshu kwa herufi zenye maana ya upweke na huzuni, na akajenga filamu yake juu ya maana hiyo ya zamani: kumtamani mtu kwa sababu uko peke yako.

Kijana anapotamka hisia zake, Yukino anamsahihisha: aseme mwalimu, asimwite kwa jina. Katika sauti ya Kijapani utalisikia neno sensei likiinuka kama ukuta, na ni ukuta ambao mtu mzima ana wajibu wa kuujenga. Msimamo wangu ni kwamba filamu imechelewa kuujenga. Yukino alimtambua mwanafunzi kwa nembo ya sare yake tangu mkutano wao wa kwanza, akanyamaza, na picha za mvua zilizochorwa kwa ustadi wa ajabu hutubembeleza tusahau kwamba mtoto ndiye aliyekuwa akimtibu mtu mzima. Hata hivyo ngazini, kabla hawajaachana, kijana anampigia kelele kwa kumficha ukweli huo, na lawama zake ni za haki. Kisha mwalimu anaondoka kwenda kwao Shikoku. Mpaka haukuvukwa, na kijana amepewa nafasi ya kusema kwamba alikosewa. Kazi nyingi zinazochezea mada hii hazimpi mdogo nafasi hiyo.

Kuna pia miiko inayomnyima mtu haki ya kuomboleza. Given, mfululizo wa sehemu 11 wa mwaka 2019, unamhusu Mafuyu, kijana anayebeba gitaa lenye uzi uliokatika. Gitaa lilikuwa la Yuki, mvulana aliyempenda na aliyejiua baada ya ugomvi wao, na Mafuyu hajaweza kulia wala kucheza chochote. Najua kwamba wasomaji wengi wa Afrika Mashariki watakuwa na msimamo wao kuhusu mapenzi ya aina hiyo, na siwaombi waubadilishe ndipo waitazame. Ninawaomba waone jambo moja: uhusiano usiotambuliwa hauna mahali pa kukaa katika msiba. Hakuna anayemwambia Mafuyu pole kama mfiwa. Mama yake Yuki ndiye anayempa gitaa, na kwa kitendo hicho anamtambua, bila hotuba yoyote.

Hatua ya sita: Itazame kamera, si hadithi peke yake

Kuonyesha jambo si kulitetea, lakini kamera inaweza kutetea huku maneno yakilaani. Angalia mwiko unapotokea picha imekaa wapi: usoni pa anayeumia, au mwilini mwake kana kwamba ni bidhaa? Angalia kama msiba uliotajwa katika sehemu ya kwanza unaendelea kuishi katika sehemu ya saba, au ulikuwa kisingizio cha kuwaondoa wazazi nyumbani ili watoto wabaki bila uangalizi. Zipo anime nyingi zinazoanza na yatima wawili na kumaliza bila yeyote kuwakumbuka marehemu; humo kufiwa ni pazia tu, na sioni sababu ya kuzitazama, hasa pale zinapowafanya watoto kuwa vitu vya tamaa. Hilo ni kosa, na lugha ya sanaa isitumike kulifunika. Evangelion yenyewe, ninayoiheshimu, haijasalimika: kuna nyakati kamera yake inawatazama watoto wa miaka 14 kwa jicho lisilowastahili, na mtazamaji anayeipenda ana wajibu wa kulisema wazi.

Hatua ya saba: Chunguza utata wenyewe ulitoka wapi

Mabishano yanayoizunguka kazi hukueleza jamii iliguswa wapi. Sehemu mbili za mwisho za Evangelion ziliacha vita vyote na kuingia ndani ya akili ya Shinji, kwa michoro mibichi na maandishi kwenye skrini. Hideaki Anno, aliyekuwa amepitia miaka ya sonona kabla ya kuutengeneza mfululizo huo, alishambuliwa vikali na mashabiki, na filamu ya The End of Evangelion, iliyotoka Julai 1997, ilionyesha ndani yake baadhi ya ujumbe wa chuki uliotumwa studio. Watu waliodai wapewe ushindi walipewa kioo, wakakasirika.

Utata wa Koe no Katachi ulikuja kabla filamu haijawazwa. Hadithi fupi ya michoro ya Yoshitoki Oima ilishinda tuzo ya wachoraji chipukizi, lakini ikasita kuchapishwa kwa sababu ilionyesha waziwazi ukatili wa wanafunzi kwa mtoto kiziwi, na ilitoka jaridani mwaka 2011 baada ya mashauriano yaliyohusisha wanasheria na Shirikisho la Viziwi la Japani. Wengine wanaendelea kuilaumu kwa kumpa mtesaji nafasi kubwa kuliko aliyeteswa. Lawama hiyo ina uzito, na ukiitazama mara ya pili ukimfuata Shoko peke yake utaona ni lini filamu inamsikiliza na ni lini inamtumia tu kumponya Shoya.

Hatua ya nane: Rudia mwanzo

Usiandike maoni yako siku hiyohiyo. Lala nayo, zungumza na uliyetazama naye, kisha urudi kwenye dakika kumi za kwanza ukiwa na karatasi yako mkononi. Kazi iliyotungwa kwa uaminifu huwa imemtaja marehemu wake mapema, na mara ya kwanza hukuwa na namna ya kumtambua.

Hotaru no Haka inaanza na sauti ya Seita ikisema kwamba usiku wa tarehe 21 Septemba 1945 alikufa. Mfagiaji wa stesheni ya Sannomiya anaokota kopo la peremende mfukoni mwake na kulitupa nje gizani. Kopo linafunguka, vipande vya mifupa ya Setsuko vinamwagika, na vimulimuli wanaruka kutoka majanini. Mtazamaji wa mara ya kwanza anaona kopo bovu. Wa mara ya pili anajua kwamba lilikuwa chombo cha mifupa, butsudan na kaburi, vyote kwa pamoja, na kwamba kijana wa miaka kumi na minne alilibeba kwa sababu hakuwapo mtu wa kumpokea mkononi. Filamu inamalizika ndugu hao wawili wakiwa wameketi kilimani katika mwanga mwekundu, wameutazama mji wa Kobe wa leo ukiwa umejaa taa madirishani. Simamisha picha hapo, na uandike katika mstari wa mwisho wa karatasi yako ni nani katika mtaa wako ambaye hujabisha hodi kwake tangu alipofiwa.